Marehemu wa Misri na Chai Yake

Zamani nikichunga, nyati alinipandisha mtini kutwa nzima, na nilipoteremka nikawa mtu wa kuogopa kukaa peke yangu. Ni tabia mbaya, hata chooni unatamani kusindikizwa. Mke wangu alipofariki ikazidi, basi nikawa nashinda penye watu, na hapa Ringwani penye watu ni kibanda umiza cha fundi cherehani mmoja, Mwislamu wa pwani. Asubuhi anashona, jioni anaonyesha filamu za Misri.

Kiarabu alikijua kidogo, akawa anatutafsiria. Tulimpenda mwigizaji mmoja ambaye hakuwa stelingi hata siku moja. Filamu hii ni bawabu, ile ni dereva, nyingine mjomba wa bibi harusi, anasema maneno mawili anaondoka. Alipozeeka wakampa uhakimu. Tulishangilia kama kapata cheo mtoto wa kwetu.

Siku moja fundi akatuambia jamaa amefariki, amezikwa. Halafu, Mungu amsaidie, akaweka filamu nyingine, na jamaa huyo hapo, anakunywa chai.

Mzee mmoja wa ukoo wetu akasimama. "We fundi, si umesema amezikwa?"

"Amezikwa, baba. Hii ni ya zamani."

"Ya zamani! Mbona chai inatoa mvuke?"

Hakuna aliyecheka.

Kulipokucha tukasikia mjukuu wa yule mzee ameshikwa na degedege. Sasa, kwetu anayeleta habari ya kifo hunyoa kwanza, ndipo akae na watu. Asiponyoa, kifo kinabaki katika nyumba alizoingia. Na fundi aliingia nyumba zote, kupima nguo. Hata mimi shati alilonishonea nililivua.

Wazee wakamfuata kibandani na wembe, vijana nyuma yao na fimbo.

"Nyoa, mlilie ndugu yako, yaishe," akasema mzee.

"Si ndugu yangu. Simjui hata kwao."

Hapo ndipo nilipoogopa kweli, maana mzee alishusha sauti. "Kama si wako, ulimleta kwetu wa nini?"

Nikamnong'oneza fundi, "Nyoa bwana, nywele zinaota."

"Leo nywele," akasema. "Mtoto akifa watataka nini?"

Akafunika cherehani, akatia mkasi mfukoni, akavaa kandambili zake. Fimbo zilikuwa juu. Lakini nani amguse mtu mwenye kifo kisichonyolewa? Wakampisha, wengine wakirudi nyuma mpaka ukutani. Akashika njia ya Mugumu, hakukimbia, hakugeuka, na hajarudi.