Msusi Aliyeua Vizuri

Mtaa mzima ulikuwa umemwona akiua mtu, na mtaa mzima ulimpigia makofi. Hilo ndilo lililokuja kumponza. Laiti angeigiza ovyo, akasimama mbele ya kamera kama nguzo ya umeme na kusema maneno yake kama anayesoma tangazo la maji kukatika, leo angekuwa nyumbani kwake na mume wake. Lakini mama yule hakujua kufanya kitu nusunusu. Hata kichwa chenye nywele za kubishana alikisuka mpaka kikakubali.

Kazi yake ilikuwa ususi. Saluni yenyewe ilikuwa chumba kimoja kinachotazama barabara, viti viwili, benchi la wanaosubiri, kioo kilichoota kutu pembeni, na rasta za kila rangi zikining'inia ukutani. Alifundishwa na shangazi yake, na shangazi alimwambia kwamba mteja hulipia nywele, lakini hurudi kwa sababu alisikilizwa. Basi akajifunza kusikiliza. Wanawake walimmwagia siri za waume, za mawifi na za majirani, naye alisuka tu, uso umetulia, usijue kama anakuonea huruma au anakucheka moyoni.

Uso huo ndio uliomnasa mwongozaji wa filamu. Alikuwa amemleta mwigizaji wake mkuu kusukwa, akakaa kwenye benchi, na badala ya kutazama simu akawa anamtazama msusi.

"Mama," alimwambia mwishowe, "nina nafasi ya mtumishi wa ndani. Hasemi sana. Anaua mtu."

Msusi akacheka, akadhani ni mzaha. Aliyemsukuma ni mume wake, fundi bomba, mtu wa utani ambaye hata msibani ilibidi akanyagwe mguu ndipo anyamaze. "Nenda, mke wangu," alisema. "Hasira zako zote ukazimalizie huko, mimi huku nipumue."

Filamu ilikuwa ya kusisimua, ile aina ya kumshikisha mtu kiti kwa mikono miwili. Tajiri mmoja anadhoofika siku hadi siku nyumbani kwake, na watazamaji wanahangaika kumtafuta mbaya wake kati ya watoto, wakili na mke mdogo. Mtumishi hakuna anayemtupia jicho. Kila asubuhi analeta chai. Tajiri, ambaye sasa anashuku hadi kivuli chake, anakitazama kikombe kwa wasiwasi. Mtumishi, bila kuambiwa, anakiinua, anaonja funda moja, anapangusa ukingo kwa kitambaa chake na kumrudishia. "Kunywa, baba. Chai inapoa." Mwisho kabisa ndipo inajulikana kuwa sumu haikuwa kwenye chai. Ilikuwa kwenye kitambaa.

Sasa sikiliza jambo moja ambalo wengi hawalijui. Kule kuonja na kupangusa hakukuwa kwenye maandishi ya mwongozaji. Kulikuwa kwa msusi mwenyewe. Ndivyo alivyompa mume wake kikombe tangu walipooana: anaonja asije akaungua, anapangusa alipogusa, anampa. Siku ya kupiga picha alifanya hivyo kwa mazoea tu, mwongozaji akaruka kitini akasema hapo hapo, usibadilishe kitu. Kitambaa chenye sumu kikaandikwa baadaye, ili kifuate mkono wake.

Alionekana kwa dakika chache, na watu wakatoka ukumbini wakimzungumzia yeye. Akapewa tuzo ya mwigizaji bora msaidizi. Fundi bomba aliibeba ile tuzo nyumba kwa nyumba kama mtoto mchanga, akaiweka juu ya kabati la vyombo, na kila mgeni akalazimika kuishika. Mungu hakuwajalia mtoto, kwa hiyo kitu cha kuwaonyesha wageni walikuwa hawana.

"Chai inapoa" ikawa salamu ya mtaa. Fundi viatu alimwamkia hivyo kila alipopita. Wateja, akiwamiminia chai kutoka kwenye chupa, walikataa huku wakicheka: "Hapana shoga, mimi bado nina watoto wa kulea." Na mume ndiye aliyezidi wote. Akiletewa kikombe mbele ya wageni, alikunywa, akajishika koo, akatoa macho na kujibwaga kitini. Watu walicheka mpaka machozi, na msusi naye alicheka. Mzaha mzaha hutumbuka usaha, walisema wa kale, lakini nani humkumbuka mtu wa kale akiwa anacheka?

Kisha fundi akaanza kuchoka. Mfuko wa spana aliokuwa akiutupia begani sasa aliuburuta. Macho yakaingia manjano, tumbo likajaa, na siku moja akamwita mke wake kwa jina la marehemu mama yake, akaanza kutafuta bomba linalovuja ndani ya godoro. Wakamkimbiza hospitali.

Dada yake mkubwa alifika na mkoba wake siku ileile. Huyu ndiye aliyemlea fundi mama yao alipofariki, mpishi wa shule aliyestaafu, mwanamke mwenye mikono mikubwa na moyo mkubwa, na mimi sitamsingizia ubaya. "Mgeni njoo, mwenyeji apone," alisema mlangoni mwa wodi, akamkumbatia msusi, wakalia pamoja.

Daktari alikuja mbiombio, akaongea nao akiwa tayari ameshageukia kitanda kinachofuata. "Ini lake limechoka. Ini likichoka, halisafishi damu, sumu inapanda kichwani. Ndiyo maana anachanganyikiwa." Akaandika dawa ya maji, tamu kama asali. "Anywe asubuhi, mchana na jioni. Itamharisha kidogo, sumu itoke. Akiiacha, atalala usingizi asiamke."

Maneno yote hayo yalipita, na moja tu likabaki sikioni mwa wifi. Daktari angesema taka. Angesema uchafu. Alisema sumu, mbele ya mtu aliyeiangalia ile filamu mara nyingi kuliko mwongozaji wake.

Manesi wakampa dawa, fundi akapata nafuu kidogo, akaruhusiwa kurudi nyumbani. Jioni ya kwanza msusi aliimimina dawa kikombeni jikoni, akampelekea chumbani. Mume alikitazama kikombe, kisha akamtazama mke wake, muda mrefu, kama mtu anayejaribu kukumbuka wapi alimwona mtu fulani.

"Weka hapo," alisema.

"Ni dawa, mume wangu. Kunywa."

"Nimesema weka."

Wahenga walisema mgonjwa haulizwi uji, lakini huyu aliulizwa, akabembelezwa, akaimbiwa, na mdomo ukabaki umefungwa. Msusi akafanya ambalo mke yeyote angefanya. Akaonja yeye kwanza, ili aone kuwa haina neno. Na mkono wake, ule wa miaka yote, ukapangusa ukingo kwa upindo wa nguo.

Fundi alipiga yowe. Alijirudisha nyuma mpaka kichwa kikagonga ukuta, mikono mbele ya uso, akilia kama mtoto, "Dada, ndivyo anavyofanya. Dada, njoo uone, ndivyo anavyofanya."

Dada alikuwa amesimama mlangoni, na alikuwa ameona. Alichukua kikombe, akaenda jikoni, akamwaga dawa kwenye sinki. Kisha akachukua na chupa, akaimwaga yote.

"Wifi, unafanya nini? Hiyo ndiyo inayomponya."

"Hospitali alikuwa anapata nafuu," wifi alisema taratibu. "Nyumbani anarudi nyuma. Na daktari alisema mwenyewe, mbele yetu, ana sumu. Mimi na wewe tulikuwepo."

"Sumu ya ini, wifi. Ya mwilini mwake mwenyewe."

"Kikulacho ki nguoni mwako," alijibu, na macho yake yalikwenda kwenye upindo wa nguo.

Tangu hapo fundi hakula wala kunywa ila alichopewa na dada yake, na dada hakumpa ila maji ya chupa na biskuti za pakiti. Dawa hakuna. Siku iliyofuata alishinda anasinzia. Akiamshwa, alifungua macho, akatamka neno moja lisilo na kichwa wala miguu, akazama tena. Msusi alimtazama akizama, dawa ikiwa ni kitu cha kununuliwa kila duka la dawa, na hakuna wa kumnywesha. Maji yalikuwa yamemfika shingoni kweli.

Alikwenda hospitali mbio. Daktari wake hakuwepo zamu, alimkuta nesi dirishani. Nesi alimtambua, uso ukachanua. "Chai inapoa," alisema, akacheka. Msusi akamweleza huku machozi yanamdondoka kidevuni. Nesi akasikiliza, akapoa, lakini jicho lake halikuacha kumwangalia vile watu wanavyoangalia jukwaa.

"Mlete mgonjwa," alisema.

"Dada yake hataki nimguse. Nakuomba umpigie simu, umwambie sumu si sumu."

Nesi akampigia. Msusi alisikia sauti ya wifi ikitoka kwenye simu, ya upole kabisa: "Sista, na wewe amekulilia? Amenililia na mimi. Analia vizuri sana." Nesi akarudisha simu taratibu, akampa chupa nyingine ya dawa, akashindwa kumtazama usoni.

Njiani kurudi msusi alijaribu kutafuta atasema nini, na kwa namna gani. Akilia, alishalia kwenye filamu, siku ya mazishi ya tajiri. Akinyamaza, ndivyo yule mtumishi alivyonyamaza. Akikasirika, akiapa, akicheka, yote alikuwa ameyatumia. Hakubakiwa na uso hata mmoja ambao watu walikuwa hawajauona ukidanganya. Alisimama katikati ya barabara, akatamani kumjua mtu mmoja tu ambaye haangalii filamu.

Alimkuta wifi amekaa kando ya kitanda. Fundi alikuwa anakoroma mkoromo mzito usiopendeza. Msusi akaweka chupa sakafuni, akaisukuma kwa ncha ya vidole, akapiga magoti.

"Haijafunguliwa. Angalia kifuniko, hakijakatika. Fungua wewe, mimina wewe, mpe wewe. Mimi sitakaribia."

"Na wewe utakuwa wapi?"

"Popote utakaponiambia."

Wifi aliiokota chupa, akaigeuza mwangani, akarudia kuigeuza. Alikuwa anamwogopa, na pia alikuwa anamwogopea mdogo wake. "Wifi, mimi nilikupenda," alisema. "Lakini siwezi kufumba jicho ukiwa nyumba hii. Usiku nasikia vikombe."

"Nikiondoka, utampa?"

"Ukiondoka, nitampa."

"Asubuhi, mchana na jioni?"

"Nimesema nitampa."

Msusi alitaka kumgusa mume wake mguu, akakumbuka, akaacha. Akatoka na nguo alizovaa.

Alihamia saluni. Alilala kwenye benchi la wanaosubiri, kichwa juu ya bunda la rasta, na hakula kitu cha maana kwa siku kadhaa. Aliomba Mungu kama anayegombana naye. Na dawa, ambayo haijui nani amemimina, ikafanya kazi yake. Fundi akaharisha, akafungua macho, akaomba kujua nani amemwekea mito kichwani kama mfalme. Siku iliyofuata akakaa. Iliyofuata akasimama.

Habari njema ilifika saluni kabla ya jua kufika. Aliyeileta ni jirani, mteja wa zamani, ambaye hakuingia ndani. Alisimama kizingitini. "Mumeo amepona," alisema, na sauti haikuwa ya pongezi. "Yaani ulipoondoka tu, akapona."

Msusi aliduwaa na kitana mkononi. Mtaa mzima sasa ulikuwa na ushahidi. Alikuwepo, mtu akafa nusu. Hayupo, mtu akafufuka. Nani ambaye hangeamini? Lisemwalo lipo, walisemezana, na kama halipo laja. Viti viwili vikabaki vitupu. Fundi viatu aliacha salamu yake. Na yeye, kwa aibu yake mwenyewe, alikuwa na furaha. Mume wake anakaa. Mume wake anasimama.

Simu iliita jioni moja akiwa anafagia chumba ambacho hakikuwa na nywele za kufagia.

"Ni mimi," alisema mume wake.

Sauti ilikuwa yake, safi. Msusi akakaa kwenye kiti cha wateja. "Unajua leo ni siku gani?" aliuliza, kama manesi walivyokuwa wakimpima.

"Jumatano. Na wewe ni mke wangu, na mimi ni fundi bomba, na dada amesimamisha spana yangu kubwa nyuma ya mlango kama askari."

Msusi akacheka, na kicheko kikageuka kilio katikati. "Nakuja," alisema. "Nakuja sasa hivi."

Alisikia kiti kikivutwa, mume wake akikaa.

"Daktari amenieleza yote," fundi alisema. "Najua ni ini. Najua hukunifanya kitu. Nimemwambia na dada, hasikii, lakini huyo ni wangu, nitamalizana naye."

"Basi nakuja."

"Subiri kwanza." Alipumua. "Leo dada kaniletea maji, nikajaribu kujiambia ni wewe umeyaleta. Nilitaka kujizoesha. Mkono ulitetemeka, yakamwagika yote. Akili inajua, mke wangu. Mwili ndio haujui. Nisamehe."

Yalikuwepo mengi ya kumjibu. Kwamba kupangusa kule kulikuwa kwake yeye kabla hakujawa kwa yule mtumishi wa filamu. Kwamba hiyo ndiyo iliyokuwa namna yake ya kumpenda, na sasa hana nyingine.

"Ya jioni umekunywa?" aliuliza.

"Bado."

"Kunywa basi. Usikate simu."

Akasikia kifuniko kikizungushwa, dawa ikimiminwa, kikombe kikigonga meno. Kisha akamsikia akimeza, funda kwa funda, mpaka ikaisha.