Ukuta wa Bwana Lin

Nakumbuka asubuhi moja kule Molo, baridi ya kukata masikio, mgeni akasimama sebuleni kwangu akisoma ukuta.

Mwanangu, mimi shule niliachia darasa la tatu, na malori yangu ya viazi mmeyaona. Sioni haya. Lakini hili nitazikwa nalo.

Mgeni alikuwa Bwana Lin, mkalimani wa kambi ya Wachina waliojenga barabara yetu. Mimi nilikuwa soja wao wa geti. Kwao alikuwa ameandika sinema miaka mingi, akiandika alichoagizwa. Pale kambini, kila akitoka kazini, aliandika kitabu chake mwenyewe, cha kwanza. Mama yake alipougua aliondoka ghafla na begi moja, akaniachia sanduku lenye karatasi za kitabu hicho. "Rafiki, chunga. Mimi nitarudi."

Nilichunga mwaka mzima. Kisha nikaoa, na nyumba yetu ya mbao ilikuwa inapitisha upepo. Majirani walibandika magazeti ukutani. Mimi nilikuwa na karatasi nzito, imara, zenye Kichina nisichoweza kusoma; kwangu zilikuwa takataka tu. Nikakoroga uji wa unga, nikabandika, moja juu ya nyingine. Hata nikajisifu.

Basi akarudi. "Sanduku wapi?"

"Sanduku liko, tunawekea mahindi. Karatasi ndizo hizo, boss. Zinazuia baridi kabisa!" Nikacheka.

Hakucheka. Aligusa ukuta. "Hii ukurasa kumi. Kumi na moja wapi?"

"Labda nyuma ya kabati," mke wangu akasema polepole. "Lakini huko panya walifika."

Tulijaribu kuzibandua kwa maji ya moto. Wino ukatiririka na uji. Aliondoka na kurasa nne mfukoni, bila kuniaga. Mama yangu, aliyekuwa kando ya moto, hakupaza sauti. "Umebomoa nyumba ya mtu," alisema, "ukaziba yako."

Miaka mingi baadaye fundi mmoja wa ile kambi aliniambia Lin alirudi kuandika sinema za kuagizwa mpaka akafa. Kitabu hakikutoka. Wanasema majuto ni mjukuu. Wangu amezeeka na bado hajahama kwangu.

Mwanangu, usiite kitu takataka kwa sababu wewe huwezi kukisoma. Ukiachiwa amana, usiiguse hata upepo ukiingia; vaa koti. Na ukikosea mtu, usianze kwa kicheko.

Mungu akupe mikono ya kurudisha kitu kama ulivyokipokea, na usiku wa baridi usikukute umejifunika jasho la mwenzako.