Kioo cha Shangazi na Ukuta wa Kiomboi

Shangazi alinunua kioo kabla ya kununua hata kiti kimoja. Alikipakata ndani ya basi tangu Dar es Salaam, kimezungushiwa blanketi, na aliposhuka Kiomboi miguu ilikuwa imekufa ganzi. Nilipokea kioo kwanza, shikamoo ikafuata baadaye. Alikuwa amepunguzwa kazi kwenye shirika la umma, kama wengi wakati ule, na sasa alikuwa anafungua saluni. Jumamosi angempokea bibi harusi wake wa kwanza. Kioo cha pili hakikuwepo wala hakingepatikana. Hiki kikivunjika, saluni ingekufa kabla ya kuzaliwa.

Mimi nilikuwa nimemaliza chuo kikuu, nikisubiri kupangiwa kazi na serikali iliyokwisha kuacha kuwapangia watu kazi. Nilijitolea kukitundika kioo. Hakuna aliyeniomba.

Nilikwenda Singida mjini kutafuta skrubu na fisha, vile vibomba vya plastiki vinavyokaa ndani ya tundu na kuibana skrubu isitoke. Miaka michache nyuma, rafu za duka nililoingia zilikuwa na viberiti na vumbi. Sasa kulikuwa na fisha nyekundu, za kijivu, nene, nyembamba. Nilisimama mbele ya rafu mpaka mwenye duka akachoka.

"Kijana, unachagua fisha au unachagua mchumba?"

Nikanunua za kila rangi.

Jumanne nilipeleka kioo kwenye mashine ya kusaga, nikakipima kwenye mizani kati ya magunia ya mtama, watu wakinitazama. Kisha nikachora ukuta wa chumba cha saluni kwenye daftari. Skrubu nne. Ikilegea moja, tatu zibebe. Zikilegea mbili za upande mmoja, je? Mchana ule sikumaliza ugali wangu.

Jumatano asubuhi nikaanza kutoboa kwa drili ya mkono niliyoazima kwa seremala. Lipu ilikuwa ngumu, nikafurahi. Mara drili ikazama yenyewe, na vumbi jekundu likamwagika hadi sakafuni. Nikasukuma fisha, ikaingia yote ikapotea, kama kidonge kilichomezwa. Nikafuatisha nene zaidi, nayo ikaenda. Nilipotia skrubu, ilizunguka tu bila kushika chochote. Nikadhani nimekosea vipimo, nikahamia pembeni. Kufika saa nne ukuta ulikuwa na matundu saba.

Shangazi akasimama mlangoni.

"Baba, umepigana na nani humu?" Huniita baba kwa sababu nimerithi jina la babake.

"Nadhani fisha ni fupi, shangazi. Au nimeinamisha drili."

Akaingiza kidole tunduni, akakitoa, akakipangusa kwenye shati langu. "Hili ni tofali bichi."

"Lakini ukuta ni wa saruji."

"Saruji ni poda ya usoni tu. Ndani ni udongo, kama kwa bibi yako. Huko chuoni ulisoma nini?"

"Uchumi."

"Basi. Ndiyo maana."

Nikapendekeza tuahirishe. Akasema bibi harusi haahirishwi. Akakumbuka kwamba nyumbani kwao vigingi vya kutundikia vibuyu hupachikwa wakati ukuta ungali mbichi, udongo ukauke ukiwa umevishika. "Sisi tutaulowesha huu upya," akasema, akaenda kuchukua mpini wa jembe uliovunjika.

Tukaukata vipande vinne, kila kimoja kikiwa kinene upande mmoja. Nikachagua matundu manne niliyokwisha kuyaharibu, nikayapanua ndani kuliko mdomoni, tukanyunyiza maji, tukapachika vipande, upande mnene ukitangulia, kisha nikashindilia saruji na mchanga kuzunguka. Tukaacha. Alhamisi nilikwenda kuvigusa mara nyingi, mpaka akanifukuza na ufagio.

Ijumaa jioni nilitoboa kidogo katikati ya kila mti na kuzungusha skrubu. Safari hii zilikataa vizuri, bisibisi ikaniumiza kiganja.

"Ning'inia," akasema shangazi.

"Mimi?"

"Wewe si mzito kuliko kioo? Basi mwenye hofu ni ukuta."

Nikafunga kamba kwenye skrubu mbili za juu, nikakunja miguu. Nilihesabu hadi ishirini nikiwa nimefumba macho. Hakikuanguka kitu ila mchanga kidogo. Tukakitundika kioo.

Jumamosi bibi harusi alikaa kwenye kiti cha kuazima, na mimi nikasimama pembeni ya kioo, mikono tayari, tangu nywele zikiwa zinaoshwa. Baada ya muda akageuka.

"Shangazi, huyu kaka anataka nini?"

"Mwache. Analinda ukuta."

"Aende, basi. Ananizibia mwanga."

Nikatoka nje, nikaketi barazani, sikio ukutani. Ndani walikuwa wakicheka, na kwa saa tatu nzima sikusikia kingine.