Mtu wa Kumi Yuko Juu ya Kreni

Piroska Vadas alifika kwenye ukuta wa nne akiwa amechoka kama mtu aliyezibeba mgongoni zile kuta tatu za kwanza. Aliwapanga watalii wake, walimu wastaafu wa kutoka mji wa Szeged, kando ya uzio wa mabati, akashusha pumzi, akaanza kusema yale aliyoyasema jana, na juzi, na kiangazi chote kilichopita. Kwamba ukuta huu mkubwa usio na dirisha ulibaki uchi siku nyumba ya jirani ilipobomolewa. Kwamba kwa miaka mingi ulikuwa mweusi kwa moshi wa makaa. Kwamba sasa manispaa inawapa wachoraji kuta kama hizi wazivalishe nguo.

Juu, ndani ya kikapu cha kreni, kijana mwenye helmeti ya njano alikuwa akipaka buluu kwenye shingo ya chupa ya maji ya soda yenye urefu wa ghorofa nne.

"Huyo ndiye msanii?" aliuliza Kálmán, mwalimu wa michezo wa zamani, mtu wa kifua kipana ambaye tangu asubuhi alikuwa hajaacha sentensi ya Piroska ipite bila kuikanyaga mguu.

"Ndiye. Anaitwa Domonkos. Ni mwanangu."

Walimu wakacheka, wakapunga mikono. Kikapuni, brashi iliinuliwa kidogo, ikarudi kazini.

"Kumbe biashara ya ukoo!" alisema Kálmán. "Mtoto anapaka juu, mama anauza chini. Na chakula anapika nani, dada?"

"Hakuna anayepika," alisema Piroska. "Ndiyo maana tumekonda."

Wakacheka tena. Naye aliwaachia kicheko hicho kiendelee kwa muda mrefu kuliko kilivyostahili, maana kila waliposhughulika kucheka, yeye alipumzisha mguu mmoja.

Alikuwa na miaka sitini. Alifundisha historia katika sekondari moja ya Pest, upande huu wa mto, mpaka shule ikaunganishwa na nyingine na walimu wakawa wengi kuliko madarasa. Akafanya mtihani wa waongoza watalii. Wenzake waligombania kasri na mto; yeye akachukua njia ambayo hakuna aliyeitaka wakati ule, vichochoro vya wilaya ya saba, kwenye kuta zilizochorwa na masinagogi. Mama yake, Lívia, alipopata habari hizo aliweka kijiko mezani na kuuliza swali moja tu.

"Na utawaambia nini?"

"Yaliyomo vitabuni, Mama."

"Ya vitabuni, sawa."

Maana Lívia mwenyewe alikuwa Myahudi. Mwaka wa arobaini na nne, wakati wa vita, akiwa msichana wa miaka kumi na miwili, alifungiwa katika geto, eneo la kuwafungia Wayahudi lililozungushiwa uzio katika mitaa hii hii. Alitoka hai, akabadilisha jina la ukoo, akaolewa na Mkatoliki wa shirika la reli. Hayo alimwambia binti yake mara moja tu, siku Piroska alipokuja na habari ya ujauzito, na pamoja na habari hiyo akamtoza ahadi. Mtoto huyu asijue. Asiyejua hawezi kujitaja, na asiyetajwa hatafutwi. Piroska aliahidi. Domonkos alibatizwa, akapewa jina la mtakatifu, akakua akila maharage ya bibi yaliyopikwa usiku kucha kwa moto mdogo kila Jumamosi, akidhani kwamba ndivyo bibi wote wapikavyo, asijue kwamba ni chakula cha Sabato ya Kiyahudi.

Katika wilaya ya saba hilo si jambo la ajabu. Nyumba nyingi zina bibi asiyezungumziwa. Na watu wa hapo wana adabu yao: swali la nani ni Myahudi haliulizwi. Unaweza kumuuliza jirani kuhusu figo zake, talaka yake, kura yake. Hilo, hapana.

Basi Piroska alikuwa akielekea kumaliza ukuta wa nne ndipo mlango wa chumba cha sala, ng'ambo ya barabara, ulipofunguka, na mzee Ármin Gelb akatoka na kofia yake nyeusi. Mzee huyo ndiye aliyekuwa na ufunguo wa chumba hicho kidogo kilichojificha uani mwa nyumba ya wapangaji. Alikuwa na miaka themanini na kitu, mwembamba, na macho ya mtu ambaye hajawahi kudanganywa na fundi bomba. Alivuka barabara bila kutazama magari.

"Binti, samahani," alimwambia Piroska, kisha akawageukia wageni. "Mabibi na mabwana. Kuna Myahudi kati yenu? Mwanamume?"

Mwalimu mmoja wa kike akaangalia viatu vyake. Kálmán akajitosa.

"Mzee, mimi nilibatizwa mara mbili. Ya pili ilikuwa kwa divai."

"Hongera," alisema mzee Ármin bila kutabasamu. "Kwa hiyo huwezi."

Piroska alijua kilichomtoa. Leo ilikuwa kumbukumbu ya kila mwaka ya kifo cha Szerén, dada yake mzee Ármin, na ndugu wa marehemu husimama siku hiyo kumsomea sala. Lakini sala hiyo haisomwi na mtu mmoja wala na wanane. Inataka wanaume kumi. Asubuhi hawakutimia. Mmoja alikuwa hospitalini, mwingine alikuwa kwa mtoto wake Vienna. Sasa ilikuwa sala ya alasiri, ya mwisho kabla jua halijatua na siku ya Szerén haijafungwa.

"Mmefika wapi?" aliuliza Piroska kwa sauti ya chini.

"Tumekwama kwenye neno la mwisho."

Walimu hawakuelewa, naye kwa mazoea ya kazi akawafafanulia huku midomo ikienda yenyewe: watu hawa hawahesabu vichwa, maana kuhesabu watu ni kuwaita husuda na kifo. Badala yake huchukua aya yenye maneno kumi, na kila mtu anayeingia hupewa neno lake. Aya ikiisha, watu wametimia. Neno la mwisho la aya hiyo ni "milele".

"Basi leo mmekosa milele," alisema Kálmán, na safari hii hakuna aliyecheka.

Mzee Ármin alikuwa ameinua uso. Alitazama kreni, kikapu, helmeti ya njano. Kisha akamtazama Piroska. Kisha akatazama tena juu.

"Siombi kitu," alisema. "Natazama rangi. Buluu nzuri."

Piroska akayafuata macho yake mpaka kikapuni, akaelewa. Kwa miaka yote aliyopita mbele ya mlango ule na makundi yake, mzee huyu alimsalimia kama mwongozaji yeyote. Hakuwahi kuuliza. Na sasa alikuwa bado hajauliza.

"Unajua," alisema Piroska.

"Najua kwamba jua linashuka."

Mtu akichoka sana, hata ahadi inakuwa mzigo kama mfuko wa viazi. Unaweza kuuhamisha bega, lakini huwezi kuusahau. Mama yake alikuwa kaburini miaka saba, chini ya msalaba, kama alivyotaka. Szerén alikuwa na kaka mmoja tu duniani, na kaka huyo alikuwa amesimama hapa akisifu buluu. Akinyamaza, mzee atarudi ndani, watasoma sala fupi isiyomhusu maiti, wataenda nyumbani. Na mwakani? Mzee alikuwa na miaka themanini na kitu.

Akaweka mikono mdomoni.

"Domi! Shuka!"

"Nini?"

"Shuka, nimekwambia!"

"Mama, nina saa moja ya mwanga!"

"Shuka!"

Kikapu kikateremka kikinung'unika. Domonkos akatoka, suruali imekauka kwa rangi, uso umekunjamana.

"Kuna nini? Nani amekufa?"

"Dada yangu," alisema mzee Ármin. "Lakini si leo. Kijana, tunahitaji mwanamume mmoja kwa robo saa. Kusimama tu."

"Mzee wangu, ningependa, lakini mimi si wa dini yenu. Nikiingia mtakuwa mmedanganya hesabu."

"Mama yako ni nani?"

Domonkos akacheka, akamwelekeza mama yake kwa brashi. "Si huyo hapo?"

"Na mama yake yeye?"

Hapo walimu wote wa Szeged walikuwa wamenyamaza kama darasa mkuu wa shule anapoingia. Piroska alitamani wawe mbali, lakini hakuwa na nguvu ya kuwapeleka popote.

"Bibi yako alikuwa Myahudi," alisema. "Kwa hiyo na mimi. Kwa hiyo na wewe. Kwao Uyahudi hurithiwa kwa mama."

"Bibi Lívia? Yule aliyenipeleka kanisani kwa komunyo ya kwanza?"

"Huyo huyo."

"Tangu lini?"

"Tangu azaliwe, Domi. Tangu lini, swali gani hilo?"

Kijana akavua glavu moja, akaitazama kama kitu cha mtu mwingine. "Kwa hiyo wewe," alisema polepole, "kila siku unasimama hapa chini ya kazi yangu unawasimulia watu wa Szeged, watu wa Japani, yeyote mwenye tiketi. Na mimi niko hapo juu. Sikusikii kwa sababu ya injini."

"Nilimwahidi bibi yako."

"Mimi niliahidi nini?"

Mzee Ármin akaweka kiganja begani kwa kijana. "Mtagombana baadaye. Nitawapa hata viti. Ugomvi hungoja, jua halingoji."

Domonkos akaitupa glavu kikapuni. Alivuka barabara akiwa bado na helmeti kichwani, na mzee alipoona anataka kuivua alimzuia. Kichwa kinatakiwa kifunikwe, alisema. Mungu hakusema kwa kitu gani.

Piroska aliwafuata mpaka uani, hakuingia. Katika chumba kile mwanamke hasimami na wanaume. Mlango uliachwa wazi kidogo. Alisikia aya ikitembea kutoka kwa mtu hadi mtu, neno kwa neno, sauti za wazee waliokuwa wameshavaa makoti ya kwenda nyumbani. Ikafika mwisho. Mzee Ármin akalitamka lile neno la mwisho kwa niaba ya kijana, na mtu mmoja ndani akakohoa kwa namna ambayo Piroska aliijua tangu mwanawe alipougua surua.

Sala ya marehemu ilisomwa na mzee Ármin kwa haraka na bila machozi, kama mtu anayelipa kodi ya nyumba anayoipenda. Wengine wakaitikia. Basi, yakawa yamepita.

Domonkos alitoka wa kwanza. Alimpita mama yake, akapanda kikapuni, kreni ikanguruma.

Piroska akawarudia walimu. Alitaka kuwaambia kwamba kuna ukuta mmoja zaidi, na sinagogi lenye mnara uliopasuka. Kálmán akamtangulia.

"Dada, tutajitafutia wenyewe. Ramani ninayo. Wewe kaa."

"Bado kuna..."

"Kaa, nimesema. Nimewakalisha watoto wakaidi kuliko wewe."

Akawakusanya wenzake, wakaondoka wakinong'ona. Mzee Ármin akaleta kiti cha mbao mpaka kwenye mlango wa ua, akamkalisha, akabaki amesimama kando yake akiegemea ukuta.

"Tulilala chumba kimoja, mimi na mama yako," alisema. "Majira yale ya baridi, ndani ya geto. Watu ishirini na zaidi. Alikuwa akinifinya ili nisilie."

"Mbona hukuniambia kamwe?"

"Haikuwa yangu kusema. Nilimwona sokoni mara nyingi baadaye, na msalaba shingoni. Tulikuwa tukisalimiana kuhusu bei ya kabichi." Akaiweka sawa kofia yake. "Leo umevunja ahadi ya maiti mmoja ili maiti mwingine asomewe. Sijui hilo linahesabiwaje huko juu. Mimi nakushukuru."

"Angenifinya," alisema Piroska.

"Angekufinya sana."

Mzee akafunga chumba cha sala, akaenda zake. Piroska alibaki kitini. Mwanga ulipobaki wa kutosha tu kutofautisha buluu na nyeusi, kreni ikazimwa. Domonkos alifunga makopo, akayapakia ndani ya gari lake, akaja mpaka kwenye kiti. Mikono mfukoni.

"Twende nikupeleke. Lakini usiongee njiani."

"Siongei."

Alimsaidia kupanda, maana goti halikukunjika. Gari lilinuka tapentaini. Walipita barabara ya mzunguko, tramu zikiwapita na madirisha yenye taa, na Piroska hakuongea. Aliegemeza kichwa kwenye kioo. Alikuwa ameongea tangu asubuhi, na kimya hicho, hata cha hasira, kilikuwa kama godoro.

Kwenye taa nyekundu karibu na daraja Domonkos alizima redio ambayo haikuwa na sauti.

"Haya," alisema akitazama mbele. "Anza na bibi. Alikuwa akiitwa nani kabla hajabadilisha jina?"

"Domi, nimechoka. Leo nimechoka kweli."

"Naona. Anza."

Taa ikawa kijani. Piroska akajiweka sawa kitini, akakaza koti, akaanza.