Koti la Balozi

Miaka ya sabini, pale Kakese, askari wawili walikuja mchana kutafuta bhangi nyumbani kwetu. Walikuja na balozi wetu wa nyumba kumi awe shahidi wa upekuzi. Nilikuwa peke yangu na mtoto mgongoni, na bhangi sikuwahi hata kuiona.

"Usiogope, mama, mimi nipo," balozi aliniambia. Kisha akawageukia askari. "Nyie toeni kwanza vyote vya mifukoni, aone mnaingia mikono mitupu."

Wakakung'uta mifuko mbele yangu: kiberiti, leso, ufunguo. Moyo ukatulia kidogo. Wakapekua kitandani, jikoni, hadi ndani ya vyungu, nami nimewaganda, macho kwenye vidole vyao. Hawakuona kitu.

Balozi akasema mpunga nao uangaliwe. Akazamisha mkono kwenye kihenge hadi begani, akatoa kifurushi cha gazeti. Kilinuka bhangi, askari wakasema.

Ndipo nilipoliona koti lake zito, limefungwa vifungo vyote, na jua lile linawaka. Yeye hakukung'uta kitu. Nani angemwambia balozi wake akung'ute mifuko? Ugomvi wake na mume wangu juu ya mpaka wa majaruba ya mpunga niliukumbuka nikiwa nimeshachelewa.

Mume wangu alirudi kutoka shamba akakuta pingu zinamngoja.

Leo askari akipita mlangoni kwangu, namsalimia. Ninayemwogopa ni mtu anayeniambia, "Usiogope, mama, mimi nipo."