Polisi wa Kuchekesha wa Edendale

Mume wangu Anselm alikuwa mwoka mikate, na laiti angebaki na unga wake. Lakini watu wa picha za sinema za kuchekesha walihamia mtaani kwetu Edendale, wakaliona lile tumbo lake kubwa, wakamvika sare ya polisi. Kazi yake ikawa kukimbia na kuanguka. Sare ilikuwa ya polisi kabisa, hata njiani watu walimwita afande. Nami nilijivuna, mke wa afande!

Siku hiyo walikuwa wakipiga picha kando ya ziwa, bustanini. Ruhusa hawakuomba, hawakuwa na tabia hiyo. Waliweka kamera, watu wakajazana kutazama. Mara akaja mbio Eulalia, mama mfua nguo, akamshika Anselm mkono, akilia kwamba bintiye ameteleza majini. Wanaume walijaa pale, lakini yeye aliona sare.

Umati ukaangua kicheko. Walidhani naye ni mwigizaji! Kadiri alivyolia ndivyo walivyoshika mbavu, na mpiga picha hakuacha kuzungusha mkono wa kamera yake.

Anselm hajui kuogelea. Alijitosa hivyo hivyo, akanasa kwenye tope, maji kifuani, akawageukia.

"Jamani, mimi si polisi! Mtoto anakufa kweli, nisaidieni!"

Wakacheka mpaka machozi. Mimi nilipiga mayowe, nikachekwa pia. Alipomfikia yule mtoto na kumtoa, mtoto alikuwa ameshakata roho, na ndipo watu wakanyamaza.

Picha ile waliionyesha, na kipande kile kimo. Nilikwenda kwa mkubwa wao kumsihi akikate. Nilikuwa nampigia mbuzi gitaa. Alisema hapo ndipo watu wanapocheka zaidi. Mshenzi yule! Anselm alirudisha sare, akarudi kuoka, na kula kukamshinda.

Jumapili moja Eulalia akabisha hodi. Nilijua amekuja kututukana, na haki alikuwa nayo. Kumbe anauliza picha ile inaonyeshwa ukumbi gani.

"Usiende, mama," Anselm akamwambia. "Watu wanacheka mle."

"Wacheke," akasema. "Jirani ameniambia mwanangu anaonekana mwanzoni, amesimama na watu kabla hajateleza. Sina picha yake nyingine."

Anselm akavaa koti, akaenda naye ukumbini, akakaa kando yake.