Jamaa Aliyekula Ndizi Zangu

Sisi tuliokulia Isingiro kabla umeme haujafika tulikuwa mabingwa wa kuogopa, na mimi ndiye niliyekuwa kapteni wa timu. Kizazi cha leo kinaogopa simu kuishiwa chaji. Mimi niliogopa mifupa yangu mwenyewe.

Siku moja mwalimu wa sayansi alileta shuleni mashine ya picha na jenereta lililokohoa kama babu mvuta kiko. Tuliziba madirisha ya darasa kwa mablanketi ya nyumbani, yakanuka moshi wa jikoni na mkojo wa wadogo zetu. Zilikuwa filamu fupi za kale, hazina sauti, za wataalamu waliokuwa bado wanajaribu tu kuona kamera ya eksirei itaona mpaka wapi ndani ya mwili. Moyo ulidunda ukutani, wasichana wakaziba macho. Kisha likaja fuvu linalotafuna. Likameza tonge, nasi tukaliona tonge lile likishuka kooni mpaka tumboni. Mwalimu akasema kila mmoja wetu anayo mifupa kama ile ndani yake.

Nilikuwa mwembamba hata shati la shule lilinivaa mimi. Basi nikaelewa: kumbe humo ndani kuna jamaa anakula ndizi zangu! Nikaamua kumkomoa kwa njaa. Jioni nilikataa ebitoke, ndizi zetu za kupika, na maharage, asubuhi nikakataa uji, mchana vilevile. Mama aliingiwa na hofu, maana mwaka uliotangulia alikuwa amemzika mdogo wangu, naye alianza hivyohivyo, kwa kukataa chakula.

Nilipomweleza huku nalia, hakucheka. Alitandaza jani la mgomba, akapakua mafungu mawili.

"Kwangu mgeni hafukuzwi kwa njaa," alisema. "Hili lako, hili la mwenzako. Akishiba, atakuacha nawe unenepe."

Nikala langu. Na kwa kuwa mwenzangu hakuwa na mdomo wa kwake, nikala na lake. Mama aligeukia mlangoni akajifuta macho kwa kanga, mimi nikadhani ni moshi. Tangu hapo nikawa sugu. Kila chakula kikibaki nilidai mwenzangu hajashiba, mpaka kaka zangu wakaniita Watu Wawili.

Leo wajukuu wangu wanauona moyo kwenye simu, una rangi na sauti, nao wanapiga miayo na kuomba bando. Juzi daktari alinionyesha eksirei ya goti, nikamtambua jamaa yangu palepale. Amezeeka vibaya. Daktari akaniagiza nipunguze kula, nami nimetii, napakuliwa fungu moja tu. Ila Mama hayupo, na hakuna tena wa kuniuliza kama mwenzangu ameshiba.